Protini ya Nani?

Ng'ombe wetu Damson aligoma mlangoni mwa chumba cha kukamulia. Miaka yote alikuwa akiingia wa kwanza, tena kwa maringo. Asubuhi ile aliogopa kivuli cha mlango, akatetemeka, miguu ya nyuma ikamtupa chini. Mama alinivuta nyuma kwa kola ya sare yangu ya shule.

Kwetu Cornwall, Uingereza, chakula cha ng'ombe cha kiwandani tulikiita keki. Nani aulize keki imetengenezwa kutokana na nini? Mama aliuliza. Miaka mitano nyuma alisoma neno "protini" kwenye lebo ya gunia, akamgeukia wakala wa kiwanda: "Protini ya nani?" Bwana yule alicheka mpaka machozi. Nami nilicheka, na hilo linaniuma hadi leo.

Kufikia mwaka huo wa 1989 redio ilikuwa imeshatujibu: ya ng'ombe wenzake Damson, waliosagwa, na ndiyo iliyoleta ugonjwa wa kichaa cha ng'ombe.

Pascoe, mnunuzi wa mifugo, alikuja mbio na lori lake. "Bi Loveday, tumpakie sasa hivi, maadamu bado anaweza kusimama. Kesho kutwa ni kitoweo, yamekwisha. Ukiwaita watu wa serikali, nani atanunua ng'ombe wa kijiji hiki tena?"

"Kitoweo cha nani?"

"Aa, wewe naye! Cha watu."

Mama alinishika bega, akanisukuma mbele yake. "Mtu ndiye huyu. Kila Ijumaa shuleni anakula pai ya nyama. Haya, mtazame usoni, umwambie ale."

Pascoe alitazama viatu vyake.

"Basi ondoka, kabla sijakuogesha na ndoo hii ya mavi!"

Mama aliwapigia simu watu wa serikali lori likiwa bado linanguruma uani. Kabla ya adhuhuri daktari wa mifugo alikuja na bunduki. Mama alimkumbatia Damson shingoni, akalia waziwazi. "Nilikulisha kwa mkono wangu mwenyewe, mama wee. Nisamehe." Kisha akasogea kando.

Jumapili kanisani tulikuta benchi letu tupu. Majirani, wafugaji wenzetu waliokaa nasi tangu nizaliwe, walikuwa wamehamia mabenchi ya upande wa pili, wamebanana hata vitabu vya nyimbo havifunguki. Niliinamisha kichwa kwa aibu. Mama akakiinua kwa kidole, akavua koti, akalitandaza kwenye benchi zima.

"Kaa vizuri, mwanangu," alisema, kanisa zima likisikia. "Leo tuna nafasi."