Homa ya Mtaa Mzima

Kazi ya kuosha maiti haigombewi na mtu. Bi Sitara aliirithi kwa shangazi yake, na jina lenyewe alipewa na mtaa, kwa sababu lililoonekana chini ya mikono yake liliishia humo humo chumbani. Akikuta kovu, hakuliona. Akikuta jina la mwanamume limechorwa pajani, na mwanamume huyo si mume, alisugua huku anatazama ukuta. Shangazi alimfundisha kufunga mdomo kabla ya kumfundisha kushika kata ya maji. Na mtaa ulimpenda kwa hilo, jamani, ulimpenda sana. Harusini alikaa mbele, msibani alisubiriwa, na wambea wa kutupwa, watu wa kuona hata kisichokuwapo, walimpita kando kwa kuwa kwake hawakuambulia kitu.

Basi alipoitwa kumwosha mke wa mwoka mikate, binti ambaye juzi tu alikuwa dirishani anauza mikate na kutaniana na wateja, Bi Sitara alijua kabla hajamaliza kumvua nguo. Harufu ilimwambia. Tumbo lilikuwa gumu, limevimba, na damu ilikuwa imeganda mahali ambapo homa haitoi damu. Huyu hakuwa wa kwanza. Kabla yake alikuwapo mhudumu wa hoteli, na kabla ya huyo mwalimu wa chekechea, na wengine ambao Bi Sitara hakutaka hata kuwakumbuka kwa mpangilio, asije akajikuta anahesabu. Wote walikuwa wamepita duka moja, la mapazia.

Mwenye duka, mama mmoja wa makamo, walimwita Mkono Mwepesi. Mbele aliuza mapazia, na nyuma ya mapazia alikuwa na kitanda. Alikuwa mcheshi, sauti yake ya kubembeleza, na wanawake walinong'onezana sifa yake moja kubwa: hakuna aliyewahi kumfia. Na kweli, hawakumfia yeye. Walikwenda kufia makwao, wamejigubika shuka, wanasema kichwa tu kinauma.

Mama mkwe wa marehemu alikuwa anasubiri mlangoni, mikono kichwani. Hakuuliza mkwewe amekufa kwa nini. Aliuliza, tuseme nini.

"Semeni homa," Bi Sitara akamwambia. "Ilimpanda kichwani."

Mama mkwe alimshika mikono akailowesha kwa machozi. Ile homa ikatoka nje, ikapokewa mkekani na wanawake, ikazunguka uwanja mzima, na chakula kilipopakuliwa kila mtu alikuwa na habari ya homa aliyoiona kwa macho yake. Mkono Mwepesi naye alikuwapo, maana hakosi msiba. Alitikisa kichwa akasema homa za siku hizi hazina huruma. Bi Sitara alimtazama anavyotafuna nyama, akainamia sahani yake. Ndiyo kazi.

Haukupita muda mrefu akaja dada mmoja na kishikwambi mkononi, anapita nyumba kwa nyumba kuuliza watu maoni yao juu ya utoaji mimba. Alikuwa mpole, viatu vyake vimejaa vumbi. Alianza na mwanawe Bi Sitara, fundi bomba, aliyekuwa ametulia zake barazani anakula karanga. Fundi bomba hakungoja hata swali liishe. Wafungwe wote, alisema, wanaotoa na wanaotolewa, na andika hivyo hivyo. Dada akaandika. Alisema karibu kila nyumba alikopita wamesema hivyo hivyo, na fundi bomba akafurahi, akamwongezea na karanga za njiani. Nyumba hizo hizo, Bi Sitara aliwaza, na aliwajua aliowaosha kutoka humo.

Ikafika zamu yake. Maswali ya mwanzo aliyajibu kama mwanawe, kwa uvivu tu na kwa kuwa fundi bomba alikuwa anasikiliza. Kisha dada akasoma swali jingine, taratibu.

"Bibi, je, unamfahamu mwanamke yeyote aliyefariki kwa sababu ya kutoa mimba?"

Pembeni ya baraza, mjukuu wake alikuwa anamsuka mteja. Huyu ndiye aliyekuwa roho yake, binti pekee wa fundi bomba, msusi ambaye watu walimfuata kutoka mitaa mingine. Mama yake alikufa yeye akiwa mchanga, akalelewa na bibi, na wao wawili waliitana mke mwenzangu na kugombania mume ambaye ni babu, marehemu wa siku nyingi. Vidole vya mjukuu vilisimama kwenye nywele za mteja. Bi Sitara aliona vimesimama. Alidhani ni udaku wa kawaida wa kisusi.

"Hapana," alisema. "Simjui hata mmoja."

Dada akabonyeza kioo, akashukuru, akahamia nyumba ya pili.

Kama angekuwa mtu wa kujifariji, angesema hakujua. Lakini macho ya Bi Sitara yalikuwa ya kazi, na siku chache baadaye yalimwona mjukuu anarudisha sahani ya chai ya asubuhi na kukimbilia uani. Akamfuata. Mjukuu hakuzunguka mbuyu. Alisema mimba ni ya fundi simu, na fundi simu kahama na meza yake, na namba yake haipatikani. Alisema alishakwenda hospitali. Alipanga foleni tangu alfajiri, na alipofika dirishani mhudumu wa mapokezi alimuuliza mume yuko wapi, kwa sauti ya kutangaza mpira, mpaka wagonjwa wa macho wakageuka kumtazama. Alihubiriwa pale pale, bure, akarudi nyumbani. Baba akijua atamfukuza, hilo halina mjadala.

"Kwa hiyo nitakwenda kwa Mkono Mwepesi," akamalizia, kama mtu anayesema anakwenda kununua uzi.

 Bi Sitara akakaa juu ya ndoo iliyofudikizwa. Alisema usiende. Mjukuu akauliza kwa nini. Alisema nimekataza. Mjukuu akasema Bibi, hilo si jibu. Na hapo yule mzee, aliyekuwa amefunga mdomo umri wake wote, akapiga moyo konde akaufungua. Alimtaja mke wa mwoka mikate. Akamtaja mwalimu wa chekechea. Akasema alichokiona, kwa sauti ndogo, huku anatazama mlango wa uani kana kwamba shangazi yake angeingia.

Mjukuu alimsikiliza mpaka mwisho. Halafu akacheka, cheko la kuchoka.

"Bibi, yule dada alikuuliza, ukasema hapana. Ulimdanganya yeye, au unanidanganya mimi?"

"Nilimdanganya yeye."

"Na mama mkwe wa marehemu? Na msiba mzima? Hao wote uliwadanganya, mimi peke yangu ndiye unayeniambia kweli, leo, kwa kuwa unataka niogope." Alimfuta bibi yake jasho la shingoni kwa pindo la nguo. "Hata mhudumu wa hospitali alinitisha. Wewe unanitisha kwa upendo, najua, mke mwenzangu."

Bi Sitara aliapa kwa kaburi la babu. Mwishowe mjukuu, kwa kumhurumia tu, akakubali kungoja. Bibi alimwambia asubiri, yeye mwenyewe atakwenda hospitali, atawapigia magoti, kwa kuwa aliwahi kusikia kwamba sheria ina mlango mdogo na madaktari wanaujua.

Akaenda kesho yake, amevaa nguo zake za msibani kwa kuwa ndizo nzuri alizokuwa nazo. Alizungushwa. Huku aliambiwa mwenye idhini yuko likizo, kule aliambiwa wenye idhini ni wawili na hawajawahi kukaa chumba kimoja. Jua lilipokuwa kichwani alimpata muuguzi mmoja mtu mzima, mwenye sura ya kuchoka, na huyo angalau alimpa kiti. Alimweleza wazi. Mlango upo, mama, ila ni mpaka maisha ya mjamzito yawe hatarini. Mjukuu wako ni mzima, hana hatari yoyote.

Bi Sitara akamwambia hatari ipo, iko kwenye duka la mapazia.

Muuguzi alishusha macho. Alilijua lile duka, ilionekana wazi. "Akienda huko akaharibika, mlete haraka," alisema. "Hapo tutamsafisha, hapo tunaruhusiwa. Kabla ya hapo sina la kukusaidia."

Yaani mpaka aharibiwe kwanza. Bi Sitara aliyarudia maneno hayo njia nzima, na watu aliopishana nao walidhani anasali. Alikuwa na hasira ambayo hakujua aipeleke wapi, kwa muuguzi, kwa fundi simu, kwa mwanawe na karanga zake, na kila alipoipeleka ilimrudia mwenyewe. Mkono Mwepesi asingekuwa na jina zuri mjini bila mtu wa kumlindia jina hilo. Na aliyelilinda, akaliosha likatakata, ni yeye.

Barazani kulikuwa na kiti cha kusukia na kitana. Mjukuu hakuwapo. Alikuwa ndani, kwenye kitanda cha bibi, amejigubika shuka mpaka kidevuni ingawa joto lilikuwa la kukaanga. Bi Sitara alipofunua, mjukuu alimshika mkono, na mkono wake ulikuwa wa moto.

"Usianze, Bibi," alisema, meno yanagongana. "Nina homa tu."

Alikuwa amekwenda mara tu bibi alipotoka. Kungoja kulimshinda, au hakuwahi kukusudia kungoja. Bi Sitara alipiga kelele ambazo mtaa haukuwahi kuzisikia kutoka kinywani mwake, majirani wakatoka, gari likapatikana, na hospitalini kweli walimpokea, kama walivyoahidi, maana sasa alikuwa katika hatari inayokubalika. Yule muuguzi alikimbia korido nzima. Walifanya waliloweza. Walikuwa wamechelewa.

Wanawake walisema bibi haoshi mjukuu, mkono utatetemeka. Bi Sitara aliwafungia mlango. Haukutetemeka. Alimwosha nywele mwisho, rasta moja moja, alizojisuka yule mtoto kwa mkono wake mwenyewe, na kwa mara ya kwanza katika kazi yake hakutazama ukuta. Alitazama kila kitu. Alilia kwa sauti, na maji aliyomimina hakujua yapi ya kata na yapi yake.

Alipofungua mlango, mwanawe alikuwa amesimama pale pale waliposimama wengine wote. Fundi bomba alikuwa amepungua kwa siku moja, shati limemzidi. Naye alikuwa ameshajua. Hospitali walikuwa wamemwambia.

"Mama, watu wanauliza," alisema. "Tuseme nini?"

 Bi Sitara alimpita, mikono bado imelowa, akaenda mpaka mkekani walikokaa wanawake, na wakanyamaza kumsikiliza, kwa heshima ile ya siku zote.

"Mjukuu wangu hakufa kwa homa," alisema. "Ametolewa mimba kwenye duka la mapazia, akaharibiwa. Mke wa mwoka mikate vivyo hivyo. Mwalimu wa chekechea vivyo hivyo. Niliwaosha mimi. Niliposema homa, nilisema uongo."

 Wa kwanza kusimama alikuwa mama mkwe wa mke wa mwoka mikate, midomo inamcheza. Alisema marehemu wake asichafuliwe, alikufa kwa homa na aliyesema ni Bi Sitara mwenyewe, tena kwa kinywa hicho hicho. Mama wa mwalimu wa chekechea akasema naye wake ilikuwa homa. Nyuma yao wanawake walianza kutikisa vichwa, wanaambiana ni uchungu huo, mzee wa watu kavurugwa, mtoto alikuwa ndiye macho yake. Huruma yao ilikuwa ya kweli kabisa. Bi Sitara aliwatazama mmoja mmoja, na wengi wao alikuwa amewasitiria dada, binti, wifi.

Fundi bomba alimfuata nyuma, akamshika mabega kwa upole kama anavyoshikwa mgonjwa.

"Mama amechoka, jamani, mtusamehe," aliwaambia wanawake, na sauti ikamkatika. "Ilikuwa homa. Ilimpanda kichwani."

Mkeka mzima ukashusha pumzi. Mtu akasogea, mwingine akasogea, Bi Sitara akakalishwa, na aliyempisha nafasi, akamfunika miguu kwa mtandio wake mwenyewe, alikuwa Mkono Mwepesi. Alimshika mkono akaupapasa. Alimwambia pole, dada, jikaze. Bi Sitara aliuvuta mkono wake, ukashikwa tena, na hakuwa na nguvu za kuuvuta mara ya pili.

Karibu na mlango walikuwa wamekaa wasichana wa saluni waliokuja kumzika mwenzao. Mmoja alikuwa amejifunga nguo juu zaidi ya kiuno, kama wanavyofunga wanaoanza kuficha, na macho ya Bi Sitara, macho yake ya kazi, yalimjua papo hapo. Msichana huyo alikuwa amemkodolea Mkono Mwepesi tangu maneno yale yatoke. Sasa akajifuta uso, akamwinamia mwenzake, akamwambia kwamba alikuwa ameshaanza kuogopa. Kumbe ni homa tu.