Bei ya Jioni

Katika nyumba ile, jiko lilikuwa la familia lakini sebule ilikuwa bado ya benki. Ndivyo alivyosema baba wa nyumba, fundi wa kuchomelea vyuma, na ndivyo alivyoamini binti yake wa miaka saba, ambaye kwa jinsi alivyopenda kuamrisha watu walimwita Meneja. Kila mwisho wa mwezi, fundi alikwenda benki kulipa rejesho la mkopo wa nyumba na kuongeza juu yake kile kidogo walichojibana. Akirudi, alisimama mlangoni, akapiga makofi, akatangaza kipande cha nyumba kilichokombolewa mwezi ule. Walianza na mlango wa mbele. Ukafuata ukumbi mwembamba, bafu, kisha jiko, dirisha kwa dirisha. Zamu ya chumba cha Meneja ilipofika, shangwe ilikuwa kubwa mpaka jirani akagonga ukuta.

Kwa hiyo Meneja alikula jikoni bila wasiwasi wowote, lakini akiingia sebuleni na kikombe cha chai alitembea kama aliyebeba mayai.

"Nikimwaga hapa, benki watakasirika," alisema.

Mama yake, mkunga, alicheka kila aliposimuliwa mambo hayo. Alisimuliwa, maana mara nyingi hakuwapo. Mchana kutwa alizalisha katika hospitali kubwa. Akitoka pale aliingia zamu ya jioni kwenye kliniki ya mtu binafsi, na alipofika nyumbani mtoto alikuwa ameshalala. Mshahara wa zamu ile ya jioni ndio uliokuwa kile kidogo cha juu. Walikubaliana yeye na mumewe tangu wiki waliyohamia: deni likifika nusu, ataacha kliniki, atakuwa anarudi nyumbani jua likiwa bado linaonekana. Miaka minne sasa alikuwa akiisubiri hiyo nusu kama mtu anayesubiri mgeni aliyekwisha kupiga simu kwamba yuko njiani.

Aliyeharibu mambo ni wifi yake. Huyu alikuwa dada mkubwa wa fundi, alipanga chumba mtaa wa pili, na mdomo wake haukuwa na breki.

"Wifi yangu, hebu nieleweshe," alisema Jumapili moja, miguu ameinyoosha jikoni. "Mimi ni mpangaji, lakini kila jioni niko kwangu. Wewe una nyumba, na jioni uko kliniki. Nani anapanga hapa?"

"Cheka tu. Tumeshamaliza chumba cha Meneja. Hiyo ni nusu ya nyumba."

"Nusu kwa hesabu ya nani?"

"Ya kaka yako."

"Kaka yangu huyu huyu aliyepima geti la kinyozi, likafungwa, likaacha nafasi ya kupita mbuzi?"

"Mbuzi mdogo," fundi alijitetea kutoka uani.

Walicheka wote. Lakini neno lile lilimganda mkunga kichwani. Alikuwa ameshaanza kutunga moyoni barua ya kuacha kazi kliniki, na akaona kabla ya kuiandika ni vizuri asikie hiyo nusu kwa masikio yake mwenyewe. Juma lile akaomba ruhusa asubuhi moja, akaenda benki.

Afisa mikopo alikuwa kijana mwenye tai iliyolegea na adabu nyingi. Alimkaribisha kiti, akapokea namba ya mkopo, akabofya bofya, kisha akaigeuza skrini ili mteja aone.

"Deni lililobaki ni hili hapa, dada."

Mkunga alitazama. "Hilo ni la mtu mwingine."

Kijana akasoma jina, akasoma namba ya kiwanja, akasoma na jina la mume. "Ni lenu."

"Tumelipa miaka minne."

"Na mmelipa vizuri sana. Hamjachelewa hata mara moja."

"Basi mbona liko palepale kama limepigiliwa misumari?"

Kijana alivuta karatasi nyeupe, akachora pipa lililojaa, akaliandika "deni". "Riba inahesabiwa kila mwezi kwa deni lote lililobaki," alisema. "Sasa mwanzoni deni bado ni kubwa, kwa hiyo na riba ni kubwa, inameza karibu rejesho zima. Mwaka ule wa kwanza, katika kila elfu kumi mliyoleta, kama elfu tisa na mia tano ilikuwa riba. Iliyogusa deni lenyewe ni mia tano. Kadiri miaka inavyokwenda mambo yanageuka, ila yanageuka polepole."

"Na tukienda hivyo mpaka mwisho? Miaka yote ishirini?"

"Mtakuwa mmelipa bei ya nyumba mara tatu na kidogo."

Mkunga akaziona nyumba tatu zimepangana, mabati yaleyale, milango ileile. "Tatu," alisema. "Sisi tunalala kwenye moja. Zile mbili analala nani?"

Kijana alikaza tai yake. "Ni sisi, dada," alisema kwa sauti ndogo, na haya zikamjaa usoni kana kwamba yeye binafsi ndiye aliyetandika vitanda.

"Sawa. Lakini sisi tulikuwa tunaongeza. Kila mwezi mume wangu analeta zaidi ya rejesho. Hiyo nayo imemezwa?"

Kijana akashusha ukurasa kwenye skrini, akatafuta, uso ukamchangamka, halafu ukamnywea. "Hapana. Ipo. Yote ipo. Imehifadhiwa kama marejesho ya mbele, kwamba siku mkikosa, itawalipia. Kuingizwa kwenye deni lenyewe kunahitaji maelekezo ya maandishi kutoka kwa mteja. Imeandikwa kwenye mkataba, ila najua, mkataba wenyewe ni mnene."

"Kwa hiyo imekaa tu."

"Imelala, dada. Haijapotea."

Kumbe jioni za mkunga zilikuwa zimehifadhiwa mahali, zimekunjwa vizuri kama nguo za sanduku, hazikuvaliwa na mtu. Jioni ile Meneja aliyong'oka jino la kwanza. Jioni zote zile alizojifunza kusoma, herufi kwa herufi, na baba yake, mkunga akipewa habari asubuhi kwa haraka huku akitafuta viatu. Angalau alikuwa akijiambia kwamba mahali fulani ukuta unanunuliwa.

"Ikiingizwa leo?" aliuliza hatimaye.

Kijana akapiga hesabu. Deni lingeshuka hadi kama robo tatu ya lile la awali. Kama maelekezo yangekuwapo tangu mwanzo, lingekuwa limeshuka hadi theluthi mbili.

"Na hiyo tofauti?"

"Ni riba mliyoilipa bila sababu. Naweza kuwaandikia ombi kwa wakubwa. Lakini sitaki kukupa matumaini hewa."

Alimpenda kwa jibu hilo. Akauliza maswali mawili zaidi, yale aliyokuwa ameyaogopa tangu aliposikia neno imelala. Wakiiingiza pesa ile kwenye deni na yeye akaacha kazi ya jioni, wakabaki na rejesho la kawaida, watamaliza lini? Miaka minane na miezi kadhaa. Na akiendelea na kliniki, na safari hii kile cha juu kikapiga deni kweli? Mitano.

"Kwa pesa, tofauti yake ni nini?"

"Karibu robo ya bei ya nyumba," alisema kijana.

Karakana ya mumewe ilikuwa nyuma ya duka la saruji, na ilijulikana kwa sauti kabla haijaonekana. Fundi alikuwa amepiga magoti, cheche zinaruka, anaunganisha nondo za dirisha. Alipoona viatu vyeupe vya mkewe mchana ule alizima mashine na kuinua kinga ya uso.

"Kuna nini? Meneja?"

"Meneja hajambo. Nimetoka benki."

Alimweleza yote akiwa amesimama, polepole, kama anavyowaeleza akina mama wodini, bila kupunguza na bila kutia chumvi. Fundi alisikiliza huku akizungusha kipande cha chuma mkononi.

"Pesa ikiingia kwenye akaunti ya mkopo inapunguza mkopo," alisema. "Si ndivyo? Mtu yeyote angejua hivyo."

"Hata mimi nilijua hivyo. Na mkataba niliusaini, sahihi yangu iko chini ya yako."

"Kwa hiyo jiko si letu."

"Jiko? Baba Meneja, kwa haya marejesho yetu ya kawaida, mlango wa mbele wenyewe labda tumefika kwenye bawaba."

Fundi akaanza kucheka, kicheko kikamkatikia njiani, akajipangusa macho kwa kiganja kilichojaa masizi. Mkewe akageuka kutazama duka la saruji kwa muda, akamwachia nafasi.

"Nilikuwa napiga makofi mlangoni kama mwehu," alisema fundi. "Sikia. Tusife moyo. Hiyo pesa tuiingize kesho. Halafu tukaze. Mitano tu, tumemaliza kabisa, hatudaiwi na mtu. Tulikubaliana nusu, na nusu hatujafika."

"Hatujafika."

"Basi."

"Miaka mitano Meneja atakuwa na kumi na miwili. Atakuwa anafunga mlango wa chumba chake."

"Lakini robo ya nyumba, mama Meneja. Robo. Unajua hizo ni nondo ngapi?"

"Ni chumba kimoja," alisema mkunga. "Nimepiga hesabu njiani. Sebule, vyumba viwili na jiko; jumla vinne. Nikirudi nyumbani jioni, tunaongeza bei ya chumba kizima kwa benki. Ni ghali. Sisemi si ghali." Alivuta pumzi. "Ila miaka minne nimelipa bila kuuliza bei. Nilikuwa naijua ya nyumba, ya jioni sikuijua. Leo nimeambiwa, na nikiziweka zote mbili mezani, najua ninachotaka kununua."

Fundi alikiweka chini kile chuma. Mkunga alimfahamu mumewe. Alijua kwamba mbele ya macho yake kulikuwa na miaka mitatu ya ziada ya deni, na kwamba yeye ndiye angekwenda kupanga foleni kila mwezi wa hiyo miaka.

"Mimi nitaongeza kazi za Jumapili," alisema mwishowe.

"Jaribu uone. Sitaki kununua jioni zangu kwa kuuza Jumapili zako."

"Sasa wewe mwanamke unataka tulipe na nini?"

"Na rejesho. Lile la kawaida. Tunaliweza, tumeliweza miaka minne."

Alikuna kichwa. "Dada yangu atanicheka mpaka nihame mji."

"Atakucheka ukiwa sebuleni kwako."

Kesho yake walikwenda benki pamoja. Fundi aliisoma fomu ya maelekezo neno kwa neno kwa sauti, midomo ikizunguka kila herufi, mpaka waliokuwa nyuma wakaanza kuguna. Akafika mwisho, akarudi mwanzo. Akataka nakala yenye mhuri. Akataka kijana amwoneshe kwenye skrini deni likishuka, na liliposhuka alilitazama muda mrefu bila kupiga makofi.

Jumapili ilimkuta na kazi nyingine, nzito kuliko fomu. Alimwita Meneja, akamkalisha. "Baba alikosea hesabu," alimwambia. "Jiko bado si letu. Bafu nalo bado."

"Na chumba changu?"

"Na chumba chako. Tutakikomboa, lakini itachukua muda. Siku hiyo wewe utakuwa mrefu kuliko mama."

Meneja akawaza. Wazazi wake walisubiri machozi. "Kwa hiyo yote ni ya benki sawasawa?"

"Sawasawa."

"Basi tuwe tunakaa sebuleni. Viti vya kule ni laini." Akachukua kikombe chake, akatangulia.

Kliniki ilimtaka mkunga amalizie mwezi, akaumaliza. Jumatatu iliyofuata alitoka hospitali akapita njia ambayo alikuwa hajaipita saa zile kwa miaka, akashangaa kukuta watu wengi hivyo wanarudi makwao na mwanga bado upo. Alipofungua mlango, mumewe na bintiye walikuwa sebuleni, kitabu cha hadithi katikati yao, chai mkononi. Meneja akainua macho.

"Mama, unaumwa?"

"Siumwi."

"Wanawake wameacha kuzaa?"

"Wanazaa. Kuna wakunga wengine jioni."

"Utaondoka saa ngapi?"

"Siondoki. Kesho pia nitakuja saa hizi. Na keshokutwa."

Meneja akamtazama baba yake, baba akatikisa kichwa kukubali. Mtoto akakagua kochi, akaona limejaa: mahali pake, pa baba, na mto wa kuegemeza kitabu. Alifikiri kidogo, kisha akautoa ule mto, akauweka sakafuni.

"Kaa hapa. Usiongee ninaposoma."

Mkunga akavua viatu, akaukalia ule mto. Meneja alisoma kwa sauti isiyoyumba, akipandisha na kushusha mahali panapostahili, na mama yake akamtazama mdomo kama mtu anayesikia lugha aliyoiacha utotoni. Hakujua kama mtoto ameshafika kusoma hivi. Katika hadithi kulikuwa na mzee, binti, na farasi aliyekasirika kwa jambo fulani.

"Huyo farasi kwa nini ana hasira?" alinong'ona.

"Hiyo ilikuwa mwanzoni, mama. Hukuwepo."

"Nisimulie basi."

"Nyingine nimeshasahau," alisema Meneja, bila ubaya wowote, akafunua ukurasa. "Wewe sikiliza tu kuanzia hapa."

Mkunga akaegemeza bega kwenye goti la bintiye, akasikiliza.