King'ora na Gauni la Harusi

Wakati wa vita walimwita King'ora, na lilikuwa jina la heshima. Ndege zikisikika tu, yeye ndiye aliyepanda juu ya paa la ghorofa na kuzungusha mpini wa king'ora mpaka mtaa mzima uingie handakini. Wenzake wakijificha, yeye alibaki kule juu, roho mkononi. Watu walimbusu mikono.

Amani ilipokuja, wakaanza kumkwepa. Akiingia dukani, mazungumzo yanakatika. Watoto wakimwona wanajibanza nyuma ya mama zao, na mama hao, badala ya kuwakanya, wanamkata yeye jicho. Eti anawakumbusha vita. Binadamu bwana! Yeye alijikaza kisabuni, akarudi kwenye cherehani yake, maana alikuwa na furaha moja: binti wa mdogo wake anaolewa, na gauni analishona yeye, mama yake mkubwa.

Lilibaki pindo tu siku mdogo wake alipokuja. Alikaa ukingoni mwa kiti kama mgeni.

"Dada, usinielewe vibaya. Jumamosi ukumbini watakuwa watu wengi."

"Si ndiyo harusi yenyewe?"

"Wengine wakikuona tu, moyo unawapaa. Tunataka siku ile watu wacheke, wasahau. Nimeona bora upumzike nyumbani. Chakula tutakuletea."

King'ora aliondoa mguu kwenye cherehani. Huyu anayesema hivi alikuwa akifika handakini wa kwanza, amemshika binti yake mkono, na hakuna hata mwanawe mmoja aliyepotea. Maneno yake yalimchoma kuliko hofu yote ya kule juu ya paa.

"Haya umeyapanga na mumeo," alisema. "Mtoto mwenyewe anajua?"

Mdogo wake akatazama sakafu.

"Ndiye aliyenituma, dada."

King'ora aliliinamia gauni. Machozi yalimlenga, akayazuia, kwa sababu kitambaa kilikuwa cheupe.

Mdogo wake alikohoa kidogo. "Na gauni, je? Limeisha?"

Haya hana huyu! King'ora aliinama tena, akamaliza pindo taratibu, mshono umenyooka kabisa. Akakata uzi kwa meno, akalitundika gauni ukutani, zuri ajabu.

"Limeisha," alisema. "Mwambie aje alichukue mwenyewe."