Kitasa cha Fundi Komeo

Fundi Komeo hakuwa mtu mbaya, muulizeni mwenyewe. Alitengeneza vitasa vya milango, na mtaa mzima ulilala usingizi mnono kwa sababu yake. Sasa mtu anayelinda kuku wa jirani atashindwaje kumlinda mke wake? Basi kila asubuhi akienda karakana alimfungia mkewe ndani, akaondoka na ufunguo shingoni huku akipiga mluzi.

Mke alipolalamika, mama mkwe alimtuliza. "Mwanangu, kinachofungiwa ni cha thamani." Haya! Hata mbuzi hufungiwa, na tunajua thamani yake inaishia wapi.

Siku moja jiko likalipuka, nyumba ikajaa moshi. Mke alipiga mayowe, majirani wakaja mbio, wakausukuma mlango kwa mabega, wakaupiga kwa nyundo. Wapi! Mwisho waling'oa dirisha pamoja na nondo zake, wakamtoa mama wa watu yu hoi, mkono umeungua. Fundi aliporudi, neno lake la kwanza lilikuwa kuuliza nani kaharibu dirisha. Ndipo jirani mmoja akaenda polisi, na polisi wakaubeba mlango mzima na fremu yake, wakisema ni kielelezo cha kesi. Mke akatundika pazia mahali pa mlango.

Shtaka likawa ukatili na kumfungia mtu isivyo halali. Wakili wa Fundi, kijana mwenye ulimi wa asali, aliona njia moja tu ya kumnasua. "Tutasema kitasa kinafunguka kwa ndani bila ufunguo. Kama kinafunguka, basi hakuna aliyefungiwa. Mkeo alikaa ndani kwa kupenda mwenyewe." Fundi hakuipenda hoja hiyo hata kidogo, lakini jela nayo hakuipenda, akakubali.

Siku ya kesi mke alikaa benchi la mbele, mkono wenye kovu kauficha chini ya mtandio. Ushahidi wake alikwisha kuutoa, ila nani alimwona akihangaika mle ndani? Kuta tu, na kuta haziapishwi. Aliogopa. Mume akiachiwa, mlango nao unarudi. Wakili alikwisha kuomba urudishwe.

Shahidi wa utetezi alikuwa Tindo, fundi mwingine wa vitasa, hasimu wa Komeo tangu enzi za ujana wao. Alipoombwa kuja kukiponda kitasa cha Komeo mahakamani, hakuhitaji kubembelezwa. Aliusogelea mlango uliosimamishwa kando ya ukuta, akaukagua, akabetua midomo.

"Mheshimiwa hakimu, hiki si kitasa, ni pambo. Kazi ya lipualipua. Mtu akiwa ndani anakifungua kwa mpini wa kijiko, hata mtoto."

Mke alihisi kitu kikimpanda kifuani. Alidhani ni kilio, kumbe ni kicheko. Kijiko! Vijiko vyote vya nyumba ile vilipinda kwa kazi hiyo hiyo, hakikubaki hata cha kukorogea chai. Alicheka mpaka mtandio ukadondoka. Askari akamwambia, "Dada, taratibu," naye akaziba mdomo, kicheko kikatokea puani.

Fundi Komeo akamwona. Mtu huyu alikuwa ameitwa katili, ameitwa mnyama, naye katulia kama maji mtungini. Lakini kazi yake ichekwe, tena na mkewe, tena mbele ya Tindo!

"Mwongo!" aliruka kizimbani. "Mheshimiwa, mpe kijiko! Mpe na kisu! Akikifungua, mimi naacha ufundi leo hii!"

"Kaa chini," wakili alimnong'oneza, akimvuta shati. "Kaa, utatuua!"

"Niache bwana! Wewe unajua nini kuhusu vitasa?"

Hakimu, mama mtu mzima, alivua miwani akamtazama mshtakiwa, kisha akamtazama shahidi. "Mpeni kijiko," alisema.

Askari akaufunga mlango kwa ufunguo, Tindo akapiga magoti upande wa ndani. Alichokonoa weee, kijiko kikapinda. Akaomba kisu, ncha ikavunjika. Jasho likamtiririka, na Fundi Komeo uso ukamng'aa kwa raha.

"Hapo hupiti! Nimeweka bamba la chuma. Na komeo la pili linajifunga lenyewe. Mtu akishakuwa ndani ndiyo basi tena, mpaka nirudi mimi!"

"Mpaka urudi wewe," hakimu alirudia, huku akiandika. Wakili alishika kichwa kwa mikono miwili.

Fundi akatiwa hatiani. Alipokuwa akitolewa na pingu mikononi, alisimama mbele ya mkewe, kifua mbele.

"Umeona lakini? Hakikufunguka."

"Najua, mume wangu," mke alisema, na sasa machozi yalikuja kweli. "Nilikijaribu kila ulipoondoka."

Fundi alimkodolea macho. "Kumbe ile mikwaruzo ni wewe!" alisema kwa uchungu, askari wakamsukuma mbele.

Mke akarudi nyumbani. Alisukuma pazia akaingia, akatoka, akaingia tena. Jirani aliyekuwa akianika nguo akamuuliza, "Umesahau nini, shoga?"

"Sijasahau kitu," alijibu, akatoka tena.