Mama Sumu Aenda Kuposa

Ukiwa mwigizaji, omba Mungu usipewe nafasi ya mtu mbaya ukaiweza. Thérèse aliiweza. Alikuwa msichana wa miaka ishirini na ushee pale Lubumbashi, mtengeneza filamu mmoja alipompaka unga wa mahindi kichwani, akamchora makunyanzi kwa masizi, akamwambia: wewe sasa ni mama mkwe. Katika filamu hiyo alimtilia mke wa mwanawe sumu kwenye munkoyo, kile kinywaji cha mahindi ambacho kwao hakikosekani kwenye shughuli. Watu wakambandika jina la Mama Sumu. Filamu ikazaa mchezo wa televisheni, mchezo ukadumu miaka, na kila Jumapili nyumba zenye televisheni zilijaa majirani waliokuja kumtukana.

Wakati ule hakujali. Akishanawa uso, sokoni hakuna aliyemtambua. Lakini uzee hauna haraka, na hauna msamaha. Sasa amevuka themanini, anaishi ugenini, mtaa wa Malvern, kwa mwanawe Hénock, fundi cherehani wa Jules Street, na ule unga umekuwa mvi, yale masizi yamekuwa makunyanzi ya kweli. Kila akijitazama kwenye kioo anamwona Mama Sumu mzima mzima. Mwenyewe alikuwa akicheka.

Alicheka mpaka siku jamaa za Sagesse walipokuja kujitambulisha. Sagesse ndiye mchumba wa Gaël, mtoto wa Hénock, na walikuwa wanapendana mpaka inachosha kuwatazama. Bibi yake Sagesse, Mama Pélagie, naye mtu wa Lubumbashi, aliingia akitabasamu, akamwona Thérèse kwenye kiti, akagota palepale. Chakula hakukigusa. Siku ya pili ujumbe ukafika: binti yao haolewi katika nyumba yenye yule mama.

"Eish, Kambo, lakini ilikuwa filamu tu!" Gaël alimwambia Thérèse, akimwita bibi kwa Kiswahili cha kwao, machozi yakimlengalenga.

"Banajua ni filamu," Hénock akajibu. "Lakini mu roho banaogopa. Njo vile batu beko."

Na ugumu ulikuwa huu. Kwao, siku ya mahari, hakuna neno linalosemwa kabla bibi wa mvulana hajammiminia bibi wa msichana munkoyo. Anaonja kwanza yeye, kuonyesha moyo wake ni safi, kisha anakabidhi kikombe. Kikipokelewa, mazungumzo yanaanza. Kikikataliwa, wageni wanabeba kofia zao. Hénock alikuwa amebembeleza hadi wakakubali kikao, na sasa alitaka kumwomba bibi mmoja wa kanisani akae mahali pa mama yake.

"Unatafuta mutu wa kuigiza kuwa mimi?" Thérèse aliuliza. "Mu nyumba ya mwigizaji?"

Alisema kwa jeuri, lakini hatari aliijua. Akienda, huenda Gaël akampoteza Sagesse kwa sababu ya sura yake. Asipoenda, amekubali kwamba yeye ni mchawi. Akapika munkoyo kwa mkono wake, akavaa kitenge chake kizuri, akatangulia garini kabla hawajamzuia.

Sebule ya akina Sagesse ilikuwa imejaa, wajomba huku, mashangazi kule. Thérèse akamimina, akaonja kidogo, akanyoosha kikombe.

"Vile vile!" Mama Pélagie akapiga kelele. "Njo vile alionja mu filamu! Alilowesha midomo tu!"

Ni kweli. Ujanja ule Thérèse alikuwa ameubuni mwenyewe, na mtengeneza filamu alimsifu sana. Basi akakigeuza kikombe kinywani, akakimaliza chote mbele yao.

"Mu televizyo pia ulikunywa yote," Mama Pélagie akasema, "halafu ukaenda kutapika nyuma ya nyumba."

Mjomba mmoja wa upande wa Gaël akainuka kuchukua kofia yake. Sagesse akaanza kulia waziwazi, na Gaël akainama asiweze kumtazama mtu. Thérèse aliona aibu, na juu ya aibu hasira. Kazi aliyoifanya vizuri kuliko zote maishani ndiyo iliyokuwa inamvunjia mjukuu wake nyumba.

Hapo akamkumbuka Honorine, aliyeigiza yule mke mwema aliyepewa sumu. Mzuri wa sura, lakini akifungua mdomo kuimba, mbwa wanajibu. Kwa hiyo wimbo wa yule mke wa kumlaza mtoto, Thérèse ndiye aliyeuimba, amesimama nyuma ya pazia na unga wake kichwani, Honorine akichezesha midomo mbele ya kamera. Wimbo ulipendwa kuliko filamu yenyewe, redio zikaupiga, na sifa zote zikaenda kwa Honorine. Thérèse alimwapia kwamba maadamu Honorine yuko hai hatasema. Honorine alikuwa amezikwa mwaka juzi.

Hakusema hata sasa. Alikaa, akafumba macho, akaimba.

*Lala, mwanangu, mlango nimeacha wazi,*
*baba akitoka mgodini asigonge.*

Sauti ilikuwa imechakaa, ikakatika mahali pa juu. Mama Pélagie kwanza aligeuka kutafuta redio. Kisha mkono ukamwenda mdomoni.

"Ile ni sauti ya Honorine."

"Honorine alikuwa na sura, Mungu amulaze pema," Thérèse akasema. "Sauti ilikuwa ya mimi. Nilikuwa nyuma ya pazia."

Mama Pélagie alikuwa analia bila kujificha.

"Batoto bangu bote nilibalalisha na ule wimbo," akasema. "Na kila dimanche, kila Jumapili ya ule mchezo, nilikuwa nakulaani."

Akachukua kikombe mkononi mwa Thérèse, akajimiminia mwenyewe, akanywa mpaka chini, akapangusa midomo kwa kitenge. Yule mjomba akairudisha kofia yake mezani. Gaël akapumua, na Hénock, ambaye hajui kungoja, akakohoa ili aanze hotuba ya mahari.

"Nyamaza kwanza, wewe," Mama Pélagie akamkata. Akamgeukia Thérèse. "Imba tena, Mama. Sasa tukiwa tunakuangalia."

Thérèse akavuta kiti chake mpaka katikati ya sebule, mahali ambapo kila mtu angemwona uso, akaanza upya.