Suruali za Walinzi

Mama yangu alikuwa mkataji wa nguo. Washonaji wako wengi, yeye alikuwa anakata. Unamwekea jora la kitambaa mezani, unamtajia kiuno na urefu, anachora mistari kwa chaki bila haraka, kisha mkasi unapita. Mafundi walimwita Jicho, kwa sababu mteja alikuwa hajamaliza kuingia mlangoni, mama ameshajua kiuno chake. Na kama umenenepa tangu mwaka jana alikwambia hapohapo, mbele ya watu, na bado ukarudi mwaka uliofuata.

Alikuwa na miaka sabini na miwili. Amekula chumvi nyingi, lakini mkono wake ulikuwa haujatetemeka hata siku moja.

Karakana yetu ni chumba kimoja kirefu nyuma ya duka la vyombo. Cherehani nne, overloki moja ya kufunga kingo za kitambaa, meza ya kukatia katikati, na pasi ambayo ikiwashwa, redio inakohoa. Mama ndiye aliyeianzisha, akiwa na cherehani moja ya kukanyaga, mimi na kaka yangu tukiwa tunalala chini ya meza juu ya vipande vya vitambaa. Nilipomaliza shule nikaanza kuandika oda na kupokea simu. Miaka ikaenda, na bila siku yoyote ya kutangaza jambo hilo, mimi nikawa mkuu, naye akawa mama wa mkuu.

Mwaka ule tulipata oda ya suruali arobaini za walinzi wa kampuni moja. Wiki hiyohiyo tukapata oda nyingine ya suruali za wanafunzi. Mama alikata za walinzi kwa siku mbili. Fundi wa cherehani ya kwanza, mwanamke tuliyempa jina la Kasuku kwa sababu mdomo wake haujawahi kupumzika, akashona na wenzake. Tukapiga pasi, tukafunga, tukapanga mafungu.

Msimamizi wa walinzi alikuja kuzichukua na vijana wake wawili. Mmoja wao, mrefu kama nguzo ya simu, akavaa yake palepale juu ya ile aliyokuja nayo. Ikaishia juu ya kifundo cha mguu. Wa pili naye hivyohivyo. Tukachukua futi tukapima. Zote arobaini zilikuwa zimepungua inchi tatu.

"Hizi ni za kuvukia mto?" msimamizi akauliza. Vijana wake wakacheka. Kisha yeye akaacha kucheka. "Aliyekata nani?"

"Mimi," mama akajibu.

Msimamizi alinigeukia mimi. "Kumbe huyu bibi bado mnamfanyisha kazi? Mwoneeni huruma jamani. Umri huu mtu anatakiwa awe nyumbani anaota jua."

"Nimekata kama karatasi ya oda ilivyosema," mama akasema.

"Sawa, bibi. Sawa," akamwambia, kwa sauti ile tunayotumia kumwambia mtoto aliyesema ameona simba chini ya kitanda.

Daftari la oda lilikuwa kwenye droo, hatua mbili kutoka nilipokuwa nimesimama. Sikulifungua. Watu wakiniuliza leo kwa nini, nawaambia ukweli: sikuwa na shaka. Sikujiuliza nani kakosea. Nilijiuliza tu hali hii ya mama imeanza lini.

Nikaomba radhi. Nikasema maneno ambayo mpaka leo yananichoma: "Tusamehe, kaka. Si unaona mwenyewe, mama umri umekwenda." Msimamizi akatikisa kichwa kwa upole, kwa sababu na yeye alikuwa na mama. Kesho yake walinzi wote wakaja, wakapimwa upya mmoja mmoja, nikaandika ukurasa mpya. Mama alikuwa amekaa kwenye stuli karibu na dirisha, ameshika chaki.

Jumapili kaka yangu akaja nyumbani. Ni karani mkuu wa ofisi, na anapenda vikao. Tulikaa sebuleni, mimi, yeye, mkewe, na mama mwenyewe.

"Mama anahitaji kupumzika," kaka alisema, akiniangalia mimi.

"Macho yake yanaanza kumsumbua," nikasema, nikimwangalia kaka.

"Macho yangu hayana kitu," mama akasema.

"Hata bibi yangu alikuwa anasema hivyohivyo," wifi yangu akadakia, "kumbe alikuwa anatia chumvi kwenye chai."

Tukacheka, na mama akacheka kidogo, ili asiharibu kikao. Nikamshika mkono nikamwambia, "Mama, umetulea, umetusomesha, sasa ni zamu yetu. Pumzika." Yalikuwa maneno mazuri. Maneno mabaya mtu anaweza kuyagombania. Maneno mazuri utayakataaje?

"Nipumzike nifanye nini?" akauliza.

Kaka alidhani ni utani.

Nikaajiri fundi mpya wa kukata, mtu wa miaka thelathini hivi, mwenye cheti cha chuo. Akaanza na ile oda ya wanafunzi. Mama akabaki nyumbani.

Sisemi tulimtesa. Alikula vizuri, alivaa vizuri, na hakuna mtu aliyempandishia sauti kwa hasira. Tulimpandishia sauti kwa wema, kana kwamba hasikii, wakati masikio yake yalikuwa yanasikia sufuria ikichemka nyumba ya jirani. Siku moja akaunguza maharage. Nikamwomba asiguse tena jiko nikiwa sipo. Mimi mwenyewe mwaka ule nimeunguza sufuria tatu, na hakuna aliyeniitia kikao. Mwezi uliofuata hakukumbuka alikoweka ufunguo wa mlango wa nyuma, ulipopatikana nikauchukua nikaufunga pamoja na funguo zangu. Nikimpeleka kwa daktari, daktari aliniuliza mimi: "Bibi analala vizuri? Bibi anapata choo?" Nami nilijibu. Mama alikaa kati yetu kama mzigo ulioletwa kukaguliwa.

Mwanzoni alikuwa akibisha. Kisha akaanza kuuliza: "Hivi leo si Jumanne?" Ilikuwa Jumanne, na alijua ni Jumanne, lakini alisubiri nimwambie. Majirani wakimtaka ushauri wa kitambaa, alisema, "Muulizeni mwanangu, kichwa changu mimi si cha kuaminika." Hata wateja waliopita kumsalimia hakuwaambia tena kwamba wamenenepa. Wakamsifu. "Mama siku hizi amekuwa mpole," waliniambia, nami nikafurahi.

Miezi minane ikapita. Ile shule ikarudi na oda nyingine. Nilikuwa nafungua ukurasa mpya wa daftari, Kasuku anashona na anaongea kama kawaida yake.

"Safari hii wapunguze urefu, bosi," akasema. "Zile za mwaka jana zilizidi inchi tatu. Watoto walikuwa wanazileta moja moja, nimekunja mapindo mpaka nikachoka."

"Zilizidi?"

"Zote. Nikadhani shule ndivyo walivyotaka, watoto wanarefuka. Suruali ndefu hailalamikiwi na mtu."

Inchi tatu. Nikarudisha kurasa nyuma, taratibu, kwa sababu kidole changu tayari kilikuwa kinajua. Ukurasa wenyewe ulikuwa kwa mwandiko wangu, wino wa buluu. Walinzi: urefu thelathini na nane. Wanafunzi: urefu arobaini na moja. Oda zote mbili nilizipokea kwa simu, asubuhi moja, nikachanganya vipimo, cha hii nikakiandika kwenye ile. Mama alikata kama karatasi ilivyosema. Fundi mpya naye alikata kama karatasi ilivyosema, akakosea inchi zilezile tatu, na hakuna aliyemuuliza umri wake.

"Ni mimi," nikasema. "Niliandika mimi."

Kasuku akasimamisha cherehani. Akaja kuangalia. "Ah," akasema. "Ndiyo maana mama aliuliza."

"Aliuliza nini?"

"Siku ile, kabla hajakata. Alikuuliza, hawa walinzi ni wafupi hivi? Ulikuwa na simu sikioni. Ukamwambia, mama, we kata tu kama ilivyoandikwa."

Nilikuwa sikumbuki. Kisha nikakumbuka: mkono wangu uliopunga, kama mtu anayefukuza nzi.

"Mbona siku ile hukusema?" nikamuuliza.

Kasuku akaokota uzi sakafuni, akauzungusha kidoleni. Kisha akasema, "Nilidhani kachanganya mambo. Si unajua, wazee."

Nilifunga daftari nikaenda nalo nyumbani mchana uleule. Mama alikuwa uani, anakunja nguo zilizokauka. Nikakaa chini, mbele ya miguu yake, nikamweleza kila kitu: simu, namba, suruali za wanafunzi, swali lake, jibu langu. Nililia. Nikamwomba anisamehe.

Alinisikiliza mpaka mwisho. Akanifuta uso kwa taulo alilokuwa analikunja.

"Ahsante, mwanangu," akasema. "Una roho nzuri."

"Mama, si suala la roho. Hukukosea. Angalia, huu ni mwandiko wangu."

Hakuliangalia daftari. "Unajua bibi yako, mama yangu mimi, alipozeeka alipenda kuchambua mchele. Alikuwa haoni tena mawe. Mimi nilikuwa nauchukua nyuma ya nyumba, nachambua upya, halafu namwambia, mama, leo mchele wako umetakata kweli. Alikuwa anafurahi! Mpaka anakufa hakujua." Akanipiga piga bega. "Kwa hiyo naelewa. Usilie."

"Mama, mimi sikudanganyi."

"Najua. Hata mimi nilimwambia hivyohivyo."

Nilikaa pale na daftari magotini. Ningeweza kumletea Kasuku aape, ningeweza kuileta shule nzima na mapindo yao. Kila shahidi ambaye ningemleta angekuwa, machoni pake, mtu mwingine mwema niliyempanga.

Nikampigia simu msimamizi wa walinzi. Nikamwambia kosa lilikuwa langu, si la mama. Kwanza hakukumbuka. Alipokumbuka, akacheka kwa upendo. "Unamkinga mama yako. Vizuri sana, dada. Mungu akubariki. Watoto wa siku hizi wangefanya hivyo wangapi?" Nikamwambia tena. Akasema anapokea simu nyingine.

Kaka ndiye aliyeniamini. Alisoma ukurasa, akavua miwani, akasugua macho. Nikadhani atalia.

"Usijitese," akasema. "Hata kama siku ile hakukosea, ipo siku angekosea."

"Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo tulichofanya ni kuwahi tu."

Nilitafuta jibu njia nzima kurudi, na nimeendelea kulitafuta, na nadhani jibu lenyewe ni kwamba hata yeye kaka yangu ipo siku atakosea, na mimi nimeshakosea, na bado asubuhi tunapewa funguo zetu.

Wiki iliyofuata nilimrudisha mama karakana. Nilimwambia fundi mpya amwachie meza. Nilimwekea kitambaa kizuri cha pamba, nikamtajia vipimo vya sketi ya kawaida, kitu ambacho zamani alikikata huku anagombana na mtu. Akachukua chaki. Akachora mstari wa kwanza, umenyooka kama uzi uliovutwa. Akasimama. Akaufuta kwa kiganja. Akauchora tena, palepale, akaufuta tena.

"Njoo upime, baba," akamwambia fundi mpya.

Fundi akapima. "Uko sawa kabisa, mama."

"Pima vizuri. Usinionee aibu."

Akapima mara ya pili. Uko sawa. Mama akamtazama yule mtu, akanitazama mimi, akamtazama Kasuku ambaye alikuwa ameinamisha kichwa kwenye cherehani isiyozunguka. Aliona nyuso tatu za watu wanaomtakia mema. Akaweka chaki mezani, polepole, isivunjike.

"Kitambaa ni kizuri," akasema. "Tusikiharibu."

Sasa anakuja kila asubuhi, na hilo nalishukuru. Nimemrudishia ufunguo, ingawa bado ananiuliza kama kweli aubebe yeye. Amekataa kabisa kukata, lakini anashona vifungo, karibu na dirisha, kwenye mwanga. Wateja wanaingia wanampa shikamoo kubwa, kisha wananiuliza mimi hali yake, naye yupo pale, hatua mbili. Siku hizi nawaambia, "Muulize mwenyewe." Wengine wanaona aibu, wengine wanadhani nimekuwa mkali. Wachache wanamuuliza, na mama anawajibu, "Mwanangu atawaambia."

Vifungo vyake havina kasoro. Kila shati akilimaliza analileta kwenye meza yangu nilikague. Mwanzoni nilikataa, nilimwambia, mama, kazi yako haihitaji kukaguliwa. Alirudi kwenye stuli, hakugusa sindano mchana kutwa, na Kasuku akanieleza baadaye: amedhani umeshamkatia tamaa, kwamba sasa hata kosa lake halina maana kwako. Kwa hiyo nakagua. Nachukua shati, nageuza, navuta kifungo kimoja kimoja kwa vidole viwili, wakati yeye amesimama mbele yangu na mikono yake imeshikana, anasubiri.

"Viko sawa, mama."

"Vyote?"

"Vyote."

Naye anatabasamu, anachukua shati jingine.