Wimbi Alilolikata Dale

Kwa siku kumi na mbili Wehilani Kuaea aliteleza kwa ubao kwenye mawimbi ya ufuko wa kwao, Makaha, mbele ya kamera ya Dale Hutchens, mpiga filamu kutoka California, na kila alipotoka majini Dale alimwomba kesho aanguke. Watu wa California wanapenda kucheka, alisema. Wehi, aliyesimama juu ya ubao kabla Dale hajaota meno, alimjibu kuwa bahari ikitaka kumwangusha haihitaji kuombewa.

Siku ya mwisho bahari ilimwangusha kweli. Lakini asubuhi hiyohiyo alikuwa amepanda wimbi refu kuliko paa la kanisa, akalishuka mpaka mwisho, na Dale akaapa kwamba amelinasa lote.

Miezi minane baadaye filamu ilionyeshwa Honolulu, katika ukumbi wa shule. Haikuwa na sauti. Dale mwenyewe alisimama kando ya pazia na kipaza sauti, akisimulia. Wehi alikaa mstari wa tatu na mumewe, Palani. Vijana wa California waliteleza, wakateleza weee. Makaha, Dale akasema, ni ufuko "tuliougundua" mwaka juzi. Palani akakohoa.

Hatimaye Wehi akatokea, akaanguka. Kipande kikarudiwa, safari hii kinyumenyume, akichomoka majini kama kizibo. Ukumbi ukaangua kicheko.

"Mama huyu alituletea chakula," Dale akasema, "akaomba naye ajaribu."

Wehi alichoka zaidi ya kukasirika. Uchovu wa kueleza jambo lilelile mwaka nenda mwaka rudi. Akainuka, akapenya katikati ya magoti ya watu, akanyoosha mkono kwenye kipaza sauti cha Dale.

"Nipe hicho."

"Anti, filamu inaendelea."

"Naiona. Nipe."

Dale akampa. Wehi akaanza kueleza kinachoonekana: yule kijana mrefu alifundishwa na baba yake Wehi kusoma mkondo, ule ufuko bibi wa bibi yake aliteleza hapo bila kujua kuwa haujagunduliwa, na chakula alipika Palani, maana yeye Wehi huunguza hata wali. Watu wakacheka, kisha wakatulia wakamsikiliza mpaka mwisho, na makofi yakachelewa kuisha.

Nje, alimuuliza Dale lilikokwenda lile wimbi kubwa.

"Nililikata kwenye filamu, nikalitupa," Dale akasema, akiangalia viatu vyake. "Ulikuwa mbali. Watu wangedhani ni mwanamume."

Kisha, haraka, akamwomba aje asimulie filamu mjini Hilo wiki ijayo. Ulimi wa Wehi ulikwisha kushika "hapana", lakini akafikiri ni nani angesimulia asipokwenda.

"Nitakuja," akasema. "Ila kesho tunakaa pamoja na filamu yako. Mkasi nitashika mimi."

Palani, aliyekwisha kuwasha gari, aliuliza kama sasa wanaweza kwenda kulala.